Alikufa Akiwa Amenenepa

Kiloleli ina majira yake ya kurudi. Desemba wanarudi walioko Mwanza, Geita na Dar es Salaam, na mabegi makubwa na watoto wasiojua Kisukuma. Pamba ikianza kununuliwa wanarudi wengine, wale wenye chao shambani. Lakini kijana akishuka kwenye bodaboda mwezi wa pili, jua la utosini, ana begi moja la mgongoni na shati la mikono mirefu lililofungwa vifungo vyote, hakuna anayemuuliza atakaa siku ngapi. Mama yake atakamata kuku. Baba yake ataitikia salamu, kisha atajifanya anasikiliza redio. Majirani watasema Dar imemtapika.

Safari hiyo naijua kwa ncha zote mbili. Nilizaliwa hapa, wakati Kiloleli bado iko Wilaya ya Magu, Mkoa wa Mwanza. Leo tuko Busega, Mkoa wa Simiyu, na wakubwa wetu wanakaa Bariadi. Nilisomea uuguzi, nikaangukia Dar es Salaam, na kwa miaka mingi kazi yangu ilikuwa kuzunguka maskani za Temeke na mkoba begani: sindano safi, kondomu, vipimo vya VVU, dawa ya vidonda. Mateja, yaani watumiaji wa unga wa heroini, waliniita Sista. Wengi walitoka mikoani, na kila baada ya muda mmoja wao alinijia akiwa ameoga, amenyoa, ananiaga: "Sista, nyumbani wameamua. Napelekwa kijijini."

Kijiji ndiyo hospitali ya kwanza ya unga katika nchi hii, na haina kibao mlangoni. Sicheki. Familia isiyo na hela ya soba hausi inatumia ilichonacho, na ilichonacho ni umbali. Kijijini hakuna pusha wa kumgongea saa sita usiku, hakuna simu ya kuiba, hakuna ukuta wa kuegemea na wenzake. Kuna ng'ombe, mpunga, ziwa, na wazee wanaoamka alfajiri. Mtu akikaa huko miezi, unga unamtoka kweli. Anakula, analala, anacheka. Nimewaona.

Mmoja wao alikuwa mtoto wa jirani yetu. Ilikuwa 2012, mwaka ule Simiyu ilipozaliwa kuwa mkoa. Alikuwa amebwia heroini Dar miaka kadhaa, mwanzoni akiivuta kwenye sigara iliyochanganywa na bangi, mwishoni akijidunga. Baba yake alimfuata mwenyewe, akamleta. Nilipokuja likizo nilimkuta ni mtu mwingine: mashavu yamejaa, shingo imerudi, anabeba magunia ya mpunga kama si yeye. Mama yake alinishika mkono akanipeleka nje nikamwone vizuri. "Mtazame, ng'wanone. Mungu ameniletea mtu wangu." Baada ya mavuno wakampa nauli na gunia la mchele akaanze biashara ndogo mjini, maana kijana wa umri ule hawezi kukaa kwa baba yake milele.

Habari ya kifo ilifika kabla mchele ule haujaisha. Kakutwa chooni, kwenye nyumba ya kupanga, sindano iko kando.

Kwenye matanga watu hawakuuliza kwa nini alirudia unga. Waliuliza kwa nini amekufa sasa. Alipokuwa amekonda, ananuka, analala mitaroni, alidunda miaka yote ile. Amenenepa, amekuwa mzima, amekufa. Kwa akili ya kawaida hilo halina maelezo, na jambo lisilo na maelezo kwetu huwa linatafutiwa mtu. Nilianza kusikia jina la bibi mmoja, mjane, ambaye eti alimsifia kijana yule unene wake siku anaondoka. Usukumani tunajua minong'ono ya namna hiyo inakoishia. Vikongwe wa watu wameuawa kwa mapanga kwa kosa la kuwa na macho mekundu, mekundu kwa moshi wa samadi wanayopikia.

Kwa hiyo usiku mmoja nilikaa jikoni na mama wa marehemu, wanawake wengine wanachambua mchele pembeni, nikamweleza. Nilimwambia: mayu, wewe unajua mikono ya mtu aliyelima kila siku ina sugu, jembe halimchubui. Akikaa msimu mzima bila kulima, sugu zinakwisha, na siku ya kwanza anatoka malengelenge. Mwili wa mwanao ulikuwa na sugu ya unga. Mlipomleta hapa, sugu ile ikaisha, na hilo lilikuwa jema. Aliporudi kule alishika kipimo chake cha zamani. Kipimo kile kile alichokuwa anakimudu akiwa mgonjwa ndicho kilichomuua akiwa mzima.

Alinyamaza muda mrefu. Halafu akauliza, kwa sauti ya kutaka wale wengine wasikie: "Kwa hiyo hakuna mtu?" Nikasema hakuna mtu, mayu.

Heroini, morfini na jamaa zao zote zina tabia moja inayoua: zinaituliza sehemu ya chini ya ubongo inayoamuru mapafu yavute hewa. Mtu mzima ukimsahaulisha kupumua anashtuka mwenyewe; aliyezidiwa na unga hashtuki. Pumzi zinakuwa chache, kisha za mbalimbali, kisha zinakoma. Mtumiaji wa kila siku, ubongo wake umejipanga upya kuukabili mzigo huo, ndiyo maana kete inayomlaza mgeni yeye inamwondolea arosto tu, yale mateso ya kukosa unga. Mpangilio huo ukiachwa unavunjika ndani ya siku chache hadi wiki chache, lakini kumbukumbu ya stimu haivunjiki. Anajua alikuwa anatumia kete ngapi, na anaanzia hapo hapo.

Magereza yanafundisha somo hilo hilo. Mwaka 2007 watafiti wa Marekani walichapisha habari za wafungwa zaidi ya 30,000 walioachiwa katika jimbo la Washington. Katika wiki mbili za kwanza nje, hatari yao ya kufa kwa kuzidisha dawa ilikuwa mara 129 ya ile ya wananchi wengine. Mara mia moja ishirini na tisa! Gereza, kijiji, soba hausi, hata wodi ya hospitali: popote mtu anapopumzishwa unga kisha akafunguliwa mlango bila kuambiwa kitu, siku zinazofuata ndizo mbaya kuliko zote. Sisi familia huzihesabu kuwa siku za ushindi.

Niliona moja ya siku hizo Temeke. Kijana alikuwa ametoka gerezani asubuhi, mchana wenzake wakamchangia kete kumkaribisha. Tulipofika alikuwa chali juu ya boksi lililokunjuliwa, midomo ya kijivu, kucha za kijivu, kooni sauti nzito ya kukoroma. Watu wasiojua husikia mkoromo ule wakasema mwacheni alale, amepata stimu nzuri. Mkoromo ule ni hewa inayogombania njia. Nilimfunua kope, mboni zimesinyaa ukubwa wa kichwa cha pini. Walikuwa wamemwagia ndoo ya maji, wamemchapa makofi, mmoja amemtia maziwa mdomoni (maziwa yale kidogo yamuue yeye kabla ya unga), na mwingine anatayarisha sindano ya maji ya chumvi, tiba maarufu ya maskani ambayo haijawahi kumwamsha mtu. Wengine walishaanza kuondoka. Siwalaumu sana. Ukikutwa maskani na maiti na kete, polisi utawaeleza nini?

Nilimfuta mdomo, nikainamisha kichwa chake nyuma, kidevu juu, nikambana pua na kumpulizia. Pumzi moja, hesabu hadi tano, pumzi nyingine. Hilo mtu yeyote anaweza; halihitaji cheti cha uuguzi. Mwenzangu akavunja kichupa cha naloksoni, akavuta kwenye bomba, akamchoma kwenye paja juu ya suruali. Naloksoni haina ujanja mwingi. Inakwenda pale ambapo heroini imekaa ndani ya ubongo, inaisukuma, inakalia kiti chake. Hailevyi, haizoeleki, na ukimchoma mtu ambaye hakuzidiwa na unga haimdhuru. Tuliendelea kumpulizia. Kisha kifua kikajiinua chenyewe, akavuta pumzi ndefu yenye mluzi, akafungua macho, akatutukana. Tulikuwa tumemharibia stimu na kumtia arosto papo hapo.

Matusi yale hayakunikera. Kazi iliyobaki ndiyo ngumu: kumzuia asiondoke. Naloksoni hudumu nusu saa hadi saa moja na nusu hivi, na unga unaweza kudumu zaidi. Ikiisha, aliyefufuka anaweza kuzama tena, na akienda kutafuta kete nyingine ya kutuliza arosto anajiongezea mzigo. Tukamlaza ubavu, tukakaa naye kwenye boksi lile hadi jioni, anatuomba shilingi mia tano ya sigara.

Shirika la Afya Duniani limependekeza tangu 2014 kwamba naloksoni ifike mikononi mwa wale wanaoweza kuwapo mtu anapozidiwa: wenzake, ndugu, wake, mama wa nyumba ya kupanga. Scotland ilikuwa na mpango wa nchi nzima wa kuigawa tangu 2011. Kwetu imebaki zaidi kuwa dawa ya kabati la hospitali, yenye funguo. Dawa inayotakiwa ndani ya dakika chache kuiwekea kufuli na foleni ni kuitunza ili isitumike. Maoni yangu, na nimeyasema kwenye vikao vingi hadi watu wakanichoka.

Miaka kadhaa baada ya msiba wa jirani, zamu ikawa yetu. Mtoto wa mjomba wangu, dereva wa bajaji Dar, alianza kuuza vitu vya ndani, mke akaondoka, simu ikawa haipatikani. Ukoo ukakaa. Mjomba alinipigia sauti iko chini: "Mpwa wangu, tumeamua tumlete huku."

"Mleteni, Mjomba," nikamwambia. "Ninachoogopa ni siku mtakayomrudisha."

Nikaja naye mimi. Arosto ilimkamatia kwenye basi kabla ya Singida: miayo isiyoisha, kamasi, machozi, vipele vya baridi juu ya jasho. Tulipofika alikuwa anarusha miguu kitandani kama anayeendesha baiskeli, anatapika, anahara. Bibi alisema ni malaria imempanda kichwani na akataka apelekwe zahanati. Hakuwa amekosea sana, maana kinachoweza kumdhuru mtu kwenye arosto ni ukavu wa mwili. Tukampa maji ya chumvi ya pakiti na uji mwepesi, kijiko kwa kijiko, na mke wa mjomba akamkanda miguu kwa maji ya moto. Baada ya kama wiki moja akaomba michembe na karanga. Bibi akapiga vigelegele.

Nilirudi kazini nikidhani kilichobaki ni kumwandaa kwa safari ya kurudi. Kisha mke wa mjomba akapiga: kijana kaanguka shambani, kapigwa degedege, povu mdomoni, wamemkimbiza kwa mganga wa kifafa. Kifafa hakijawahi kuwa kwenye ukoo wetu. Nikaomba wapekue mifuko ya suruali yake. Wakakuta karatasi ya vidonge, na jina wakalisoma herufi moja moja kwenye simu: tramadoli.

Hapo nilielewa kwamba umbali tunaoutegemea umekwisha. Tramadoli ni dawa halali ya maumivu, iliyotengenezwa na kampuni ya Grünenthal ya Ujerumani miaka ya 1960. Haitoki kwenye mpopi. Imeundwa maabara, lakini inapita njia ile ile ya heroini ubongoni, na ikizidi hupunguza pumzi na, tofauti na heroini, huleta degedege. Rafiki wa bodaboda alikuwa anainunua kwenye duka la dawa la senta bila karatasi ya daktari. Waendesha bodaboda wanaimeza wasisikie mgongo, wavunaji wanaimeza wamalize ekari. Hakuna anayewaita mateja. Mamlaka ya Kudhibiti na Kupambana na Dawa za Kulevya inaonya juu ya dawa tiba zenye asili ya kulevya, lakini onyo hilo halijafika kwenye kijiwe chetu, ambako kidonge kinachukuliwa kama soda ya kuongeza nguvu.

Na tramadoli ni mtoto mdogo katika ukoo wake. Fentanili, iliyotengenezwa Ubelgiji na Paul Janssen karibu na 1960 kwa ajili ya vyumba vya upasuaji, ina nguvu kama mara 50 ya heroini. Kipimo kinachoua hakijazi ncha ya penseli. Marekani na Kanada imeingia kwenye unga wa mitaani na kuzika watu kwa maelfu. Nitazini, zilizobuniwa na kampuni ya Ciba ya Uswisi miaka ya 1950 na hazikuwahi kupitishwa kuwa dawa, sasa zimekutwa Afrika Magharibi ndani ya kushi, dawa ya kulevya ya kuvuta iliyomfanya Rais Julius Maada Bio wa Sierra Leone atangaze hali ya dharura Aprili 2024.

Heroini yetu ya pwani hutoka Afghanistan, huvuka Bahari ya Hindi kwa majahazi. Aprili 2022 Taliban walipiga marufuku mpopi, na mwaka uliofuata Umoja wa Mataifa ukaripoti kilimo chake kimeshuka kwa asilimia 95. Habari njema, ungesema. Waulize Waestonia. Taliban walipopiga marufuku mara ya kwanza, mwaka 2000, heroini ikaadimika Estonia, na kilichojaza pengo ni fentanili, na vifo vikapanda kwa miaka. Unga ukikosekana, pusha hafungi duka, anachanganya. Shehena zinakamatwa, na ni kubwa: Desemba 2023 mamlaka yetu ilinasa zaidi ya kilo 3,000 za heroini na methamfetamini, Dar es Salaam na Iringa. Lakini aliyeshika kete gizani hajui kilichomo ndani, hata kama ameitumia miaka kumi. Sasa muongezee na mwili uliopumzika Kiloleli mwaka mzima. Huyo ana hatari mbili kwenye kiganja kimoja.

Ndiyo maana kikao cha pili cha ukoo nilikisimamia mwenyewe, na mzungumzaji wa kwanza akawa kijana. Nilimtaka aseme mbele ya baba yake kwamba anaweza kurudia. Mjomba alikasirika, kwake kulisema ni kulikaribisha. Nikamwambia kijana, mbele yao wote: ukirudia, usianze ulipoachia, anza na robo, hata pungufu. Usijifungie chooni peke yako, awepo mtu anayejua. Usichanganye na konyagi wala valiamu, maana zote zinakaba koo moja. Vuta badala ya kujidunga, ikibidi. Wazee waliinamisha vichwa. Mmoja alitoka nje kutema mate, akarudi. Nilikuwa ninamfundisha mwana wa ukoo namna ya kubwia unga, ndivyo walivyosikia, na sikuwa na lugha ya kuwaondolea sikio hilo. Mama yake ndiye aliyeuliza swali la maana: "Na akikoroma?" Nikamlaza mwanawe mkekani, nikawaonyesha kichwa, kidevu, pua, pumzi. Bibi akajaribu, akacheka, akajaribu tena.

Dar hakurudi. Hospitali ya Sekou-Toure pale Mwanza ilikuwa na kliniki ya methadoni, huduma ambayo nchini ilianzia Muhimbili Februari 2011. Methadoni nayo imeundwa maabara na ni ndugu wa hizo zote, ndiyo maana inashika: inakalia nafasi ya heroini mchana na usiku, arosto haiji, na mwili hauipotezi sugu yake. Mtu akiteleza siku moja, hatelezi akiwa mtupu. Mjomba hadi leo anasema mwanawe amebadilisha unga kwa unga wa serikali. Namwachia. Anayelipa kodi ya chumba cha mwanawe pale Mwanza ni yeye.

Shida ni kwamba dozi yake inanywewa pale pale dirishani, mbele ya nesi, kila siku, na Mwanza hadi kwetu si mahali pa kwenda na kurudi kila asubuhi. Kwa kijana wa Kiloleli maana yake ni kuhama. Anaosha magari karibu na kituo, anatuma kidogo nyumbani. Sikukuu anakunywa dozi yake dirisha likifunguliwa, anapanda basi la Musoma, anashuka, anakula wali mchana na sisi, na kabla jua halijageuka anaanza kuulizia bodaboda. Mama yake hakubaliani na mpango huu hata kidogo. "Hospitali gani hiyo," ananiambia mimi, kana kwamba ndimi mwenye funguo, "haimpi mtu ruhusa ya kulala kwa mama yake hata Krismasi?" Nimemuahidi nitaandika barua. Zahanati yetu ina jokofu, ina kabati, ina muuguzi. Nimeomba dozi za kubeba kwa siku za sikukuu, na nimeomba vichupa vichache vya naloksoni vikae hapo. Kijana mwenyewe ananiambia nisisahau kuomba na ya tatu: wale wa bodaboda wa senta, mtu akae nao kabla mwingine hajaanguka shambani.